Ukimya wa Mtaa Unaombwa

Mimi ni fundi sauti wa filamu na tamthilia. Kazi zangu nyingi nimezifanyia Dar es Salaam na Zanzibar. Ukitazama nilichokifanya hutaniona popote. Jina langu hupita mwishoni, jirani na ya madereva na wapishi, wakati watu wameshaanza kuulizana rimoti iko wapi. Hilo halinisumbui. Kinachonisumbua ni kumwona kijana mwenye kipaji anaingia kwenye kazi hii akiamini kwamba akishapata maiki ya bei mbaya amemaliza. Hunitafuta na swali lilelile: dada, ninunue ipi? Namjibu, maana kifaa kina umuhimu wake, lakini kilichonijenga mimi sikukipata dukani. Sauti safi huku kwetu hupatikana kwa kuelewana na watu, na maelewano hayo hufanyika kabla kamera haijawashwa.

Kizazi changu kililelewa na redio. Zanzibar walikuwa na televisheni yao tangu 1973, lakini sisi wa Bara tulisubiri mpaka 1994, na hata ilipofika, watoto wa mtaa mzima tulibanana kwenye sebule moja. Redio ilikuwa kila mahali. Mchezo wa Twende na Wakati ulipoanza kusikika Redio Tanzania Dar es Salaam mwaka 1993, nyumbani kwetu hakuna aliyeruhusiwa kugusa sufuria mpaka uishe. Baadaye vikaja vibanda vya video na kanda zilizotafsiriwa, ambamo sauti ya Lufufu ilitusimulia kwa Kiswahili filamu za watu wa mbali, na wengi tuliingia kumsikiliza yeye kuliko kumtazama shujaa wa filamu. Ndiyo maana nasema mtazamaji wa Kiswahili ana sikio kali. Picha ikiwa na giza kidogo atavumilia. Asiposikia mama mkwe kamjibu nini mkwewe, anahamisha chaneli. Kaa sebuleni kwa watu siku ya tamthilia uone: mazungumzo yakianza mtu anaongeza sauti, muziki ukipasuka anapunguza, jioni nzima rimoti mkononi. Huyo mtazamaji anafanya kazi ambayo sisi tulipaswa kuimaliza.

Niliingia kwa kushika bumu, ile fimbo ndefu inayoning'iniza maiki juu ya vichwa vya waigizaji. Enzi hizo tulirekodi kwenye kanda za MiniDV na sauti iliingia moja kwa moja kwenye kamera kwa waya, kwa hiyo mimi na kameramani tulikuwa tumefungwa pamoja, akigeuka, nageuka. Kisha zikaja kamera za picha zinazopiga na video. Canon 5D Mark II, iliyotoka mwaka 2008, ndiyo iliyoleta mageuzi hayo. Picha zake zilikuwa nzuri mno, sauti yake hafifu, na wenye akili wakaanza kurekodi sauti kwenye rekoda ya pembeni na kupiga kibao cha klapa ili mhariri aunganishe picha na sauti baadaye. Wengine walifanya kinyume: wakaona kamera inajitosheleza, wakamwondoa mtu wa sauti kwenye bajeti. Kipindi hicho zilitoka filamu nyingi ambazo waigizaji wake wanasikika kana kwamba wako kisimani.

Sababu yake inaelezeka kwa hesabu ndogo. Kila ukiongeza umbali wa maiki na mdomo mara mbili, sauti inapungua kwa desibeli 6 (desibeli ni kipimo cha nguvu ya sauti), ilhali kelele za mazingira zinabaki palepale. Maiki iliyo juu ya kamera mita nne kutoka kwa mwigizaji inasikia feni, friji, barabara na kuta za chumba kwa nguvu karibu sawa na maneno. Hakuna fedha ya kununua kifaa cha kufuta hilo. Dawa ni kusogea, na ili usogee lazima uelewane na mwenye kamera. Siku zote kabla ya kuanza namuuliza kameramani anatumia lenzi gani, kisha nashusha bumu taratibu mpaka aniambie "hapo naliona", halafu napandisha upana wa kiganja. Wapo waliokuwa wakiniona mzigo. Nilipoanza kuwauliza kabla, wakaanza wao wenyewe kunionya: dada, sini inayofuata nafungua fremu, picha itakuwa pana, jiandae.

Lakini kabla ya lenzi kuna mahali penyewe. Mwongozaji akienda kukagua eneo anatazama kuta, madirisha na mwanga. Mimi naomba niende siku ileile ya wiki na saa zilezile tutakazorekodi, nikae nifumbe macho. Nyumba ya Kiwalani au Vingunguti inaweza kuwa na ua mzuri kuliko wote, lakini ndege za Uwanja wa Julius Nyerere zitakukatia kila mazungumzo. Sinza mchana pametulia, ikifika jioni baa tatu zinashindana. Mbezi kila kiwanja cha pili kinajengwa. Mtaa unaousikia Jumanne ni mwingine kabisa Jumamosi, siku ya harusi, au Jumapili asubuhi kwaya inapofungulia spika. Adhana naiandika kwenye ratiba ya siku kama mambo mengine: Adhuhuri saa fulani, Alasiri saa fulani, na mapumziko yanapangwa hapo. Timu inapata chai, wanaoswali wanaswali, hakuna anayelalamika kwamba kazi imekatizwa.

Mji Mkongwe wa Zanzibar una mambo yake. Kuta nene za mawe ya matumbawe na chokaa zinazuia kelele za nje vizuri, ila ndani ya vyumba virefu sauti inazunguka na kurudi, kwa hiyo natembea na mablanketi mazito ya kutundika nyuma ya kamera. Vichochoro vinabeba mlio wa vespa kutoka mbali kabla hujaiona. Halafu kuna kunguru. Hawa weusi wenye shingo ya kijivu waliletwa kutoka Bara Hindi mwishoni mwa karne ya 19, na kwa mtu wa sauti hakuna mnyama mwenye hasara kuliko wao. Alfajiri wanaamka kwa makelele, jioni wanarudi kulala kwa makelele zaidi, na waongozaji nao wanaupenda mwanga wa nyakati hizohizo. Nilichojifunza ni kumwomba mwongozaji aweke hapo matukio yasiyo na maneno: mtu anatembea, mtu anafungua dirisha, mtu anatazama bahari. Mazungumzo tuyapeleke saa nne au saa nane, ndani, wakati kunguru wametawanyika kutafuta chakula. Mwongozaji anapata mwanga wake, mimi napata maneno yangu.

Nikirudi Dar, somo lililonifundisha zaidi nililipata Magomeni. Tulipangisha nyumba kwa tamthilia ya familia, na ng'ambo ya barabara palikuwa na karakana ya kuchomelea mageti. Kijana wa uzalishaji alitumwa kwenda kuwanyamazisha. Akaenda na noti mkononi, akampa fundi wa kwanza aliyemkuta, akarudi. Kwa nusu saa pakawa kimya. Habari zilipozagaa kwamba wale watu wa filamu wanalipa ili watu wazime mashine, grenda zikaanza kuwaka hata sehemu ambazo asubuhi hapakuwa na kazi.

Nikavua hedifoni nikavuka barabara. Mwenye karakana alikuwa mzee wa makamo, amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Ninyi ndio wenye sinema?"

"Ndiyo mzee. Nimekuja kuomba radhi, tumeingia mtaani kwako bila kupiga hodi kwako."

Akanitafutia stuli. Nikamuuliza ana oda gani na anazitoa lini. Alikuwa na mageti mawili ya mteja mmoja, ya kukabidhi mwisho wa wiki. Nikamuuliza kazi yake inavyokwenda kwa siku, naye akanieleza kwa furaha, maana nadhani si wengi wanaomuuliza: kukata na kusaga ndiko kwenye kelele, kuchomelea kuna mlio wa wastani, kupiga rangi hakuna kelele kabisa. Basi, nikamwambia, mzee ukikata asubuhi mpaka saa tano, sisi tutarekodi nje kule nyuma matukio yasiyo na mazungumzo. Kuanzia saa sita ukipiga rangi, sisi tutaingia sebuleni. Kama ratiba hiyo inakupotezea chochote, tuandikishane, ulipwe kama unavyomlipisha mteja. Kisha nikampa hedifoni nikaelekeza maiki kwenye karakana yake kutoka mlangoni kwetu. Kijana wake mmoja akawasha grenda. Mzee alishtuka, akazivua, akaziangalia, akazivaa tena. "Kumbe inaingia mpaka huku!" Tangu dakika ile sikuwa na haja ya kumtuma mtu. Mzee mwenyewe ndiye aliyekuwa akitoka kuzuia bodaboda zisipige honi mbele ya nyumba, na mwanamke wa jirani mwenye mashine ya kusaga alikuja mwenyewe kuuliza ratiba yake.

Siku hizi hilo halisubiri siku ya kurekodi. Tunakwenda mapema kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa na barua, tunapita nyumba kwa nyumba na mjumbe, tunaandika nani ana jenereta, nani ana kuku wengi, nani ana mgonjwa ndani. Hili la mgonjwa nalitilia mkazo. Sisi tunawaomba watu wanyamaze ilhali taa zetu, magari yetu na kelele zetu za usiku wa manane zinawakera wao. Mtaa unapoona umeheshimiwa hukupa ukimya ambao askari hawezi kukupa.

Uhusiano mwingine ambao watu wa sauti huusahau ni wa fundi wa mavazi. Maiki ndogo ya kubana kwenye nguo inakaa ndani ya vazi, na vazi linaongea. Kanga mpya ni tatizo kubwa: bado ina wanga wa kiwandani, ni ngumu kama karatasi, na mwigizaji akinyanyua mkono tu inachakacha juu ya kila neno. Naomba kanga na vitenge vya kurekodia vifuliwe mara kadhaa kabla, na fundi wa mavazi mwenye busara hukubali mara moja, kwa sababu hata kwa macho kanga ya mama wa nyumbani haipaswi kuonekana imetoka dukani jana. Hariri na nailoni nazikwepa nikiweza. Kipande cha plasta ya hospitali nakikunja pembetatu, gundi ikiwa nje pande zote, nakibandika maiki katikati ili kitambaa cha juu na cha chini visisuguane nayo. Ushungi ni neema: maiki ikikaa chini ya kidevu ndani ya mkunjo wake haionekani, na iko karibu na mdomo.

Hapa pia pana adabu yake. Kumwekea mtu maiki ni kuingiza mkono kwenye nguo yake. Kwa waigizaji wa kike nafanya mwenyewe, kwa kificho, baada ya kueleza waya unapita wapi. Kwa wazee wa kiume namkabidhi mwenyewe aupitishe ndani ya kanzu kisha mimi nafunga kwa juu. "Baba, naomba uupitishe huu chini, mimi nitaupokea shingoni." Mwigizaji aliyedharauliwa wakati wa kuwekwa maiki huwa amekasirika mpaka sini iishe, na hasira hiyo inasikika. Vilevile ni lazima kumwambia kwamba maiki inasikia hata akiwa chooni, na kwamba nitaifunga akienda mapumzikoni. Nimesikia siri nyingi kwenye hedifoni. Hakuna hata moja iliyotoka kwangu.

Sasa niseme kuhusu sentensi inayoua filamu zetu: "Tutarekebisha kwenye uhariri." Yapo yanayorekebishika. Mvumo wa umeme, ule wa hezi 50 unaotoka kwenye waya za TANESCO ukipita sambamba na waya wa maiki, mhariri wa sauti anaweza kuupunguza sana. Feni inayozunguka kwa mlio mmoja inapunguzika pia. Lakini honi iliyokaa juu ya neno haitoki bila kuondoka na neno. Mvua kwenye bati haitoki. Ukiirekodi mvua katikati ya mazungumzo, sentensi ya kwanza itakuwa na mvua na ya pili haina, na mtazamaji atajua kuna kitu kimevunjika hata asipoweza kukitaja.

Fundi mkubwa niliyemshikia bumu miaka yangu ya mwanzo alinifundisha namna ya kumwambia mwongozaji. Usiseme "sauti mbaya". Mwongozaji ana mambo mengi kichwani. Ukimwambia sauti mbaya anasikia umemkwamisha tu. Mwambie neno. "Neno 'talaka' limefunikwa na bodaboda." Hapo anajua mara moja kama anaweza kuishi bila hilo neno. Kama hawezi, atarudia. Kama jua linazama na hawezi kurudia, naomba mwigizaji abaki palepale, kamera imezimwa, aseme sentensi ile mara mbili tatu akiwa bado na pumzi na machozi yaleyale. Inachukua chini ya dakika moja. Kumwita studio baada ya mwezi ili aigize kilio kilekile mbele ya kioo ni kazi nyingine, na mara nyingi haifanani.

Kuna dakika nyingine ninayoidai kila eneo kabla hatujafungasha: sauti ya chumba. Watu wote wanasimama walipo, hakuna kutembea, hakuna simu, narekodi chumba kikiwa kimya na watu wakiwa ndani yake. Kila chumba kina ukimya wake, na mhariri asipopewa huo hana cha kuziba mapengo kati ya sentensi moja na nyingine. Mwanzoni timu huguna, kwa sababu dakika hiyo huja wakati kila mtu anataka kwenda nyumbani. Baada ya kuwaonyesha sini moja kabla na baada ya kuzibwa, nilikuta wasaidizi wa taa ndio wanaotangaza: "Jamani, ya dada bado!"

Kazi za studio nazo zimenilisha. Tangu TBC iliporusha tamthilia ya Kichina kwa sauti za Kiswahili mwaka 2011, na baadaye ving'amuzi kama StarTimes na Azam vikaongeza tamthilia za Kichina na Kituruki zilizoingizwa sauti, mafundi wengi tumepata msimu usiotegemea mvua wala ruhusa ya mtaa. Kule nilijifunza kusikiliza pumzi: mtu anavyovuta hewa kabla ya kusema uongo, anavyoikata kabla ya kulia. Nilivyorudi kwenye bumu nilikuwa nashusha maiki mapema kidogo ili pumzi ile isinipite. Masikio nayo yanahitaji ulinzi. Kiwango kinachokubalika kazini ni desibeli 85 kwa saa nane, na kila desibeli 3 zinazoongezeka hupunguza muda huo kwa nusu. Vijana wanaofungulia hedifoni hadi mwisho kutwa nzima wanakula mtaji wao.

Kuhusu malipo, nitasema wazi. Mtayarishaji mmoja alichukua faili zote, akanilipa nusu, kisha simu yangu ikawa haipokelewi. Sasa mkataba wangu unatenganisha mambo matatu: siku za kurekodi, kukabidhi faili pamoja na ripoti ya sauti ya kila sini, na siku ya kukagua eneo. La tatu ndilo ninalolipigania kuliko yote. Watayarishaji wengi wako tayari kulipa maiki ya kukodi lakini wanashangaa kulipa mtu akakae kwenye nyumba tupu kutwa. Huwa nawafungulia daftari: siku tuliyopoteza kwa sababu ya kiwanda cha matofali kilichokuwa nyuma ya ukuta, na gharama ya timu nzima, chakula, magari na jenereta kwa siku hiyo. Mwenye kuelewa hesabu huelewa. Baadhi yao sasa hawanipangii siku ya kwanza ya kurekodi bila kunilipia ya ukaguzi kwanza, na wameanza kuwaambia wenzao.

Tamthilia inayofuata tunaifanyia Tanga. Mwongozaji ameipenda nyumba moja ya zamani kwa madirisha yake, na picha alizonitumia kweli zinavutia. Nimemwomba asimlipe mwenye nyumba mpaka nikae mle ndani Alhamisi nzima, kuanzia asubuhi mpaka baada ya Magharibi, na nimeshampigia mjumbe wa pale kumwambia nakuja.